Mgeni Haitiki Jina Lake: Kusaka Kosa Katika Matamshi ya Kiitaliano

Usiku wa kuamkia mwaka mpya, Malindi, kijana mmoja niliyekuwa nikimfundisha Kiitaliano alipita meza hadi meza na sinia la glasi. Kila alipofika aliinama kidogo, akatabasamu, akasema, "Buon ano!" Meza ya kwanza walicheka. Meza ya pili mama mmoja alifunika mdomo kwa kitambaa. Meza ya tatu mzee mmoja alimshika bega, akamwambia taratibu, "Anno. An-no." Kijana akaitikia kwa heshima, "Sì, sì, ano."

Asubuhi alinijia. "Mwalimu, wale watu nimewakosea nini?"

Hakuwa amewakosea adabu. Alitaka kuwatakia mwaka mwema, na mwaka ni anno, kwa n mbili. Ano, kwa n moja, ni tundu la mwili ambalo halitajwi mezani.

Yule kijana si mvivu. Msamiati anao, sarufi anayo, na sikio lake ni zuri. Kosa lilitoka katika Kiswahili chake chenyewe, tena Kiswahili safi. Kiitaliano kikiwa kwenye karatasi kinafanana sana na chetu: herufi tano za irabu zilezile, maneno mengi yanaishia kwa irabu, na kila kitu kinaonekana kusomeka kama kilivyoandikwa. Ndiyo maana tunakiamini haraka mno. Miaka yote niliyofundisha, makosa mazito zaidi niliyoyasikia yanatokana na tabia moja ya ulimi wetu: kuvuta silabi ya pili kutoka mwisho. Tabia hiyo ndiyo inayoua herufi pacha, yaani konsonanti iliyoandikwa mara mbili kama n ya anno, na ndiyo inayopeleka mkazo pasipo pake.

Nimepanga mambo kwa dalili, yaani kwa kile unachokiona usoni mwa msikilizaji. Ninapoandika matamshi, silabi yenye mkazo iko kwa herufi kubwa.

Dalili: neno ulilosema ni sahihi, lakini wanacheka, au unaletewa kitu kingine

Hapa shuku herufi pacha kabla ya kitu kingine chochote. Kiitaliano kinatofautisha maneno kwa urefu wa konsonanti. Pala ni sepetu, palla ni mpira. Sete ni kiu, sette ni saba. Nono ni wa tisa, nonno ni babu. Caro ni mpendwa au kitu cha ghali, carro ni mkokoteni. Na yale mabomba mafupi ya tambi yanayoandikwa kwenye kila menyu, penne, yakipoteza n moja yanakuwa pene, uume. Wahudumu wangapi wa pwani wameuliza meza nzima kama wangependa hicho kitu na mchuzi wa nyanya!

Chanzo chake hakiko kwenye konsonanti. Kiko kwenye irabu inayoitangulia. Sema "baba" kwa sauti ya kawaida ujisikilize: ile a ya kwanza umeivuta kidogo. Ndivyo tunavyofanya katika silabi ya pili kutoka mwisho, neno baada ya neno, bila kufikiri. Mwitaliano naye huvuta irabu yenye mkazo, lakini pale tu inapofuatwa na konsonanti moja: "paala". Konsonanti ikiwa pacha, irabu inakatwa fupi, ulimi unakwenda mahali pake na kukaa hapo kidogo, kisha ndipo unaachia. Wewe ukivuta irabu, hata ukiikandamiza n kwa nguvu zako zote, sikio la Mwitaliano litakuwa limeshasikia n moja.

Basi usianze kwa kukaza konsonanti. Anza kwa kuikata irabu.

Kama ulisoma chuo cha Kurani, dawa unayo tangu utotoni: ni shadda, alama ya Kiarabu ya kukaza herufi. Ile m ya "Muhammad" ambayo ustadh hakukuruhusu kuipita haraka, ndiyo m ya mamma. Ile n ya "janna" ndiyo n ya anno na nonno. Kama hukusoma chuoni, chukua namba nne. Hatuisemi "ne", kuna n inayosimama peke yake kabla ya "ne". Weka "pe" fupi mbele yake: pe-nne. Kisha tia mkazo kwenye "pe", nawe umefika. Msomaji wa Uganda anayezungumza Kiganda ana njia fupi kuliko sote, kwa kuwa bbiri na ttaka hazisemeki bila kubana konsonanti.

Kwa t, p, k na ch hakuna sauti ya kurefusha, kwa hiyo unachokirefusha ni kimya. Katika sette ulimi unapanda nyuma ya meno, unanyamaza hapo, kisha unaachia. Gucci ni GUT-chi, Bonucci ni bo-NUT-chi, na cappuccino ina vituo viwili njiani: kap-put-CHI-no. Jirekodi kwenye simu ukisema sete, sette, sete, sette. Ukisikiliza na usijue lipi ni lipi, hata mgeni hatajua.

Kuna ugonjwa wa pili unaotokana na dawa hii. Mtu akishaonywa kuhusu penne huanza kukaza kila kitu, na Milano inakuwa "Milanno". Kocha Fabio Capello ana p moja na l mbili: ka-PEL-lo, ambalo kama neno la kawaida ni unywele. Cappello kwa p mbili ni kofia. Pacha ni pale zilipoandikwa pacha tu.

Dalili: anakurudishia jina la mji wake polepole, kana kwamba hukulisikia

Ulisema "naPOli". Akajibu, "Ah, NA-poli." Hakukuuliza, alikusahihisha.

Kiitaliano nacho hupenda mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, na hapo ndipo mtego ulipo, kwa sababu mazoea yetu yanapatia mara nyingi. Roma, Milano, Torino, Ravenna, Palermo, zote ni sawa kwa ulimi wa Mswahili. Kisha unafika kwenye kundi ambalo mkazo wake unarudi nyuma hatua moja: NA-po-li, JE-no-va, PA-do-va, MO-de-na, BER-ga-mo, MAN-to-va, RI-mi-ni, U-di-ne, BRIN-di-zi, TA-ran-to, EM-po-li. Watu nao wamo: STE-fa-no, JA-ko-mo, CHE-za-re, do-ME-ni-ko, PA-o-lo. Wale matajiri wa Firenze, Medici, ni ME-di-chi, na neno hilohilo likiwa la kawaida ni "madaktari". Mshambuliaji Ciro Immobile, ambaye watangazaji wengi wa kwetu walimwita "imoBIle", ni CHI-ro im-MO-bi-le.

Karatasi haikusaidii. Alama ya mkazo katika Kiitaliano ni lazima tu pale mkazo unapoangukia irabu ya mwisho kabisa: città, caffè, Forlì, Niccolò. Kwingine kote hawaandiki kitu, wakiamini kuwa unajua.

Lakini sisi tuna neno la kujifunzia, na sijui lugha nyingi zenye zuri kama hili. Barabara. Ukisema barabára, unapita juu yake na gari. Ukisema "umenena barábara", unamaanisha sawasawa kabisa. Herufi ni zilezile, mkazo umehama, maana imehama nao. Kila Mswahili anajua kuusogeza mkazo nyuma. Kinachokosekana ni kukumbuka kufanya hivyo. Ninapofundisha husema hivi: Palermo ni ya barabára, Napoli ni ya barábara. Ukijifunza jina jipya, liandike katika safu mojawapo kati ya hizo mbili.

Kiitaliano chenyewe kinacheza mchezo uleule, na wavuvi wetu wataupenda: àncora, mkazo mwanzoni, ni nanga, ancora, mkazo katikati, ni "bado" au "tena". Mgeni akikwambia ukiwa kwenye mashua "ancora", sikiliza vizuri kabla ya kuirusha majini.

Kanuni kamili hakuna, ila kuna dalili za kuaminika kiasi. Silabi ya pili kutoka mwisho ikifungwa na konsonanti, kama Ancelotti, Donnarumma, Mattarella, mkazo karibu kila mara uko hapo, na mazoea yetu yatakubeba salama. Taranto na Otranto ni za kukariri. Viishio -issimo, -abile, -ibile na -obile husukuma mkazo nyuma: bel-LIS-si-mo, pos-SI-bi-le. Vitenzi vya "wao" vya wakati uliopo vivyo hivyo: parlano, wanazungumza, ni PAR-la-no, na hapa hata wanafunzi wangu wa mwaka wa tatu huteleza.

Na ile tamutamu ya kijiko iliyoenea kila mgahawa si "tiraMIsu". Ni ti-ra-mi-SU. Maana yake "nivute juu", na su ndiyo "juu", basi mkazo uende nayo huko.

Dalili: umemwita, akageuka kutazama nyuma yake

Hoteli moja ilipokea orodha ya wageni yenye majina Michele na Andrea. Mtu wa mapokezi aliwaandika "Bi. Michele na Bi. Andrea", akapanga maua chumbani, kisha akasimama mlangoni akiwangojea kinadada. Waliingia wanaume wawili wenye ndevu. Aliita "Bi. Mishel" mara tatu na hakuna aliyeitika.

Andrea, Nicola, Simone, Gabriele, Daniele na Michele ni majina ya kiume huko Italia. Kwa Andrea tungepaswa kujua, maana Mtume Andrea tunamsoma kanisani. Michele ndiye mwenye somo: mi-KE-le.

Chanzo hapa ni darasa la kwanza. Tulifundishwa ch kama sauti moja, ya "chai" na "choo", na c peke yake hatuna. Mwitaliano amepanga kinyume. Kwake ch ni k yetu. Sauti ya "chai" anaiandika kwa c tupu, mradi ifuatwe na e au i. Hivyo beki Giorgio Chiellini ni kiel-LI-ni, Federico Chiesa ni KIE-za, divai ya Chianti ni KIAN-ti. Upande wa pili, Ancelotti ni an-che-LOT-ti na Versace ni ver-SA-che, si "Vasachi".

Ielewe h ya Kiitaliano kama mlinzi wa mlango. Yenyewe haisemi neno. Inasimama kati ya c au g na irabu e au i ili sauti ibaki nzito. Kwa hiyo gh ni g yetu ya "gari": spaghetti, Lamborghini, Draghi. Mlinzi asipokuwepo, g mbele ya e na i ni j yetu: Gennaro ni jen-NA-ro, Genova ni JE-no-va. Na sc inafuata sheria hiyohiyo. Ikifuatwa na e au i bila mlinzi ni sh, kama katika prosciutto, pro-SHUT-to, na mji wa Brescia, BRE-sha. Akiwepo mlinzi ni sk: bruschetta ni brus-KET-ta. Salvatore Schillaci, mfungaji bora wa Kombe la Dunia la 1990 kwa mabao 6 nyumbani kwao Italia, ana mlinzi mwanzoni na hana mwishoni: skil-LA-chi. Ukiweza kulisoma jina lake bila kusita, sehemu hii umeimaliza.

Jambo nililoligundua polepole: vijana waliojifunza ufukweni kwa sikio hawafanyi kosa hili wakizungumza. Hulifanya wanapopewa karatasi wasome. Waliojifunza kwa kitabu ni kinyume chake. Kwa hiyo, kabla ya kumsahihisha mtu, mfiche karatasi umwombe alitamke jina alilolisikia. Akipatia, shida yake ni kusoma, wala usimchoshe na mazoezi ya ulimi.

Dalili: anakuelewa, lakini jina linasikika refu kuliko alivyozoea

Umetamka i isiyotakiwa kutamkwa. Katika cia, cio, ciu, gia, gio, giu, ile i kwa kawaida ni alama tu ya kulainisha c au g. Ciao ni chao, ileile ya "chakula chao", bila tofauti yoyote, na watoto wa mji wa Watamu wanalisema vizuri kuliko wasomi wengi. Giovanni ni jo-VAN-ni. Luciano ni lu-CHA-no. Giorgia, jina la kwanza la Meloni, waziri mkuu wa Italia, ni JOR-ja. Mji wa Perugia ni pe-RU-ja. Na tuktuk za Piaggio zinazotubeba kila siku ni PYAJ-jo, neno la silabi mbili. (Kampuni hiyo iliita pikipiki yake Vespa, nyigu, na gari lake la magurudumu matatu Ape, A-pe, nyuki.)

Isipokuwa pale i yenyewe inapobeba mkazo. Hapo inasikika wazi: Lucia ni lu-CHI-a, farmacia ni far-ma-CHI-a, na bugia, uongo, ni bu-JI-a.

Dalili: g inajitokeza pasipostahili

Gn ni ny yetu, basi. Signora ni si-NYO-ra, Bologna ni bo-LO-nya, gnocchi ni NYOK-ki na huanza kama "nyoka". Anayesema "lasagina" amelisoma kwa Kiingereza au kwa kukisia, ni la-ZA-nye.

Gli inahitaji kazi zaidi. Kiswahili sanifu hakina sauti hiyo, lakini Tanzania wana akina Lyimo kutoka Kilimanjaro. Ile ly ya mwanzo wa jina lao, ikisemwa kwa pigo moja huku mgongo wa ulimi ukigusa kaakaa, inakaribia kabisa. Famiglia ni fa-MI-lya, tagliatelle ni ta-lya-TEL-le, mchoraji Modigliani ni mo-di-LYA-ni, na mji wa Cagliari kule Sardinia ni KA-lya-ri, mkazo mwanzoni. Hapa kwetu tuna jina kubwa la kufanyia mazoezi: kituo cha anga cha Ngomeni, kaskazini mwa Malindi, kinaitwa kwa jina la Profesa Luigi Broglio. Kutoka kwenye jukwaa lake la baharini ndiko setilaiti iliyopewa jina la Uhuru ilikorushwa tarehe 12 Disemba 1970. Mwenyewe ni BRO-lyo. Majirani wa kituo hicho wengi bado husema "Brogilio", na kwa mtu aliyeacha jina lake kwenye pwani yetu naona tunaweza kufanya vizuri zaidi.

Dalili: "grasie" yako inapokelewa kwa tabasamu la huruma

Z ya Kiitaliano, kama ile ya grazie, asante, si z yetu. Ni ts au dz. Kenya, kila mtu anaweza kutamka Tsavo, kwa hiyo ts si mgeni. Mgiriama ndiye tajiri zaidi: sauti zote mbili zimo katika majina ya nyumbani kwake. Ts ya Tsuma ni ya GRA-tsie, PIT-tsa, ve-NE-tsia, lo-REN-tso, la-VAT-tsa. Dz ya Kadzo ni ya DZE-ro, MED-dzo na in-DZA-gi. Nina wanafunzi Wagiriama waliokuwa wakilazimisha "grazie" kwa z ya Kiswahili kwa kuona haya ya lafudhi ya kwao, ilhali lafudhi hiyo ndiyo iliyokuwa sahihi.

Hakuna kanuni ya kuzitenganisha ts na dz. Kila neno lijifunze na sauti yake.

Mambo madogo, kwa haraka

H ya mwanzo haitamkwi: hotel ni o-TEL. J katika majina husomwa y: Juventus ni yu-VEN-tus. Usitie irabu kati ya konsonanti. Strada ni silabi mbili, si "sitarada". S kati ya irabu mbili ni z huko Milano na ni s huko Napoli, nao wenyewe wanaishi hivyo kwa amani. Tofauti ya è na é ipo, lakini kama pacha na mkazo havijatengemaa, usiupoteze usiku wako juu yake.

Dalili: umefuata yote, bado anasahihisha

Huenda jina lenyewe linakwenda kivyake. Majina ya kaskazini mashariki yanayoishia kwa konsonanti hubeba mkazo mwishoni: buf-FON, be-net-TON, na Kardinali Pietro pa-ro-LIN. Bulgari, ambaye asili yake ni Ugiriki, ni BUL-ga-ri. Kwa watu na miji inayojulikana, shirika la utangazaji la RAI lina kamusi ya matamshi kwenye mtandao. Kwa mgeni aliye mbele yako, uliza. Waitaliano wenyewe huulizana: "Dove cade l'accento?", DO-ve KA-de lat-CHEN-to, mkazo unaangukia wapi? Sijawahi kuona aliyekasirika kwa swali hilo.

Yule kijana wa usiku wa mwaka mpya sasa huuliza, kisha huandika papo hapo kwenye karatasi ya oda: kialama juu ya irabu yenye mkazo, mstari chini ya herufi pacha. Disemba iliyopita niliona moja imebaki kaunta. Meza ya 4, bwana wa Càgliari, penne sahani mbili, na zile n amezipigia mstari mara mbili.